Ua la Saba

Kila ua langu lina majani matano,
isipokuwa moja.
Hesabu kutoka mshono wa nyuma kuelekea sikio la kulia:
la saba. Majani manne, na uwazi.
Hapo sindano ilisimama
usiku ule, Maabila, simu ilipolia kutoka hospitali
na mama hakungoja nimalize.

Arubaini ilipopita niliiokota ile kofia,
nikaliruka jani, nikaendelea.
Miaka kumi na tisa sasa
sijashona hata moja bila pengo lake.
Wateja hawakuliona, nami sikuwaambia.
Kofia moja, miezi miwili,
na mafuta ya taa ni macho yangu.

Ijumaa moja nilikwenda Matrah kununua uzi,
nikazikuta zimepachikwa kama sahani,
nyeupe, kahawia, hata rangi ya chungwa,
kila moja ndani ya nailoni yake,
riali mbili, ukichukua tatu unapunguziwa.
Niligeuza moja. Nikahesabu kwa ukucha.
La saba lilikuwa na majani manne.

Mashine haina mama.
Iliona pengo, ikadhani pambo.
Maelfu ya msiba wangu
yamepigwa pasi, yametiwa katoni.

Muuzaji alikuwa kijana mpole.
"Mama, hii ya asili, ya zamani. Haina mwenyewe."
Haina mwenyewe! Nami nimesimama mbele yake
na vidole vyangu vya sugu, pochi mkononi.

Shemeji yangu Nasor akanambia, furahi, kizuri chajiuza.
Kweli, kilijiuza.
Ila hakikurudi nyumbani na fedha.

Jirani yangu Thuwaiba ndiye aliyenichoma:
"Na wewe ua ulilipata wapi? Si la bibi yako?"
Hilo lilinikesha.
Ndiyo, la bibi. Alitoka nalo Unguja
kwenye kipande cha marikani,
naye alifunzwa na mwanamke wa Malindi
ambaye jina lake hatukulihifadhi.
Basi ua chukueni, ni letu sote.
Lakini pengo sikulirithi kwa mtu.
Pengo nina tarehe yake. Nina na saa.

Ofisini, Alkhuwair, nilikaa na namba yangu mpaka adhuhuri.
Karani, Muhannad, ni katika vijana wetu wale
wanaokielewa Kiswahili cha bibi zao
wakakujibu kwa Kiarabu.
Mchoro uko wapi? Ulisajili lini?
Kabla yao au baada yao?
Nilisajili kwenye kitambaa, mwanangu.
Shahidi?
Alikuwa mmoja, tumemzika.
Akaandika, akafuta, akaandika.
Rudi baada ya siku thelathini,
na risiti za zamani, na picha zenye tarehe.

Ndipo nikaitazama kofia yake.
"Ivue," nikamwambia.
Alicheka, kisha akaacha kucheka.
Nilimshika kidole nikakipitisha ua kwa ua,
kama mtoto anavyoongozwa kwenye alifu na bee.
Kwenye la saba kidole kikakwama.
"Hapa," akasema, kwa Kiswahili, polepole,
"hapa pana kitu hakipo."
Ndiyo. Hicho ndicho changu.

Aliiweka mezani, kichwa wazi,
akaita namba inayofuata.

Zimebaki siku ishirini na mbili.
Risiti nimepata tatu, moja wino umefifia
hata bei haisomeki.
Jana usiku nilikuwa na kofia mpya magotini.
Nilipofika la saba, sindano ikasita:
ukilijaza leo, Zuweina, hakuna atakayekuiga tena,
zako zitajulikana kwa ukamilifu.
Nikaushika uzi kitambo kirefu.
Kisha nikaona nitakuwa nimewaachia wao mama.

Nikaliruka.